Mizimu Yenye Anwani: Ziara za Matembezi na Hekaya za Kale katika Miji ya Japani

Katika mtaa wa Matsubara, upande wa mashariki wa mji wa Kyoto, kuna duka dogo liitwalo Minatoya linalouza peremende za rangi ya kaharabu, zilizovunjwavunjwa bila umbo maalumu na kutiwa mfukoni. Sifa ya duka hilo imetokana na hadithi moja. Inasimuliwa kwamba mwaka 1599 mwanamke asiyejulikana alikuwa akija kila usiku na sarafu moja kununua peremende, hata mwenye duka akaingiwa na shaka, akamfuata hadi makaburini, na huko mwanamke akatoweka na kilio cha mtoto mchanga kikasikika kutoka chini ya udongo. Mama huyo alikuwa amezikwa akiwa mjamzito. Mtoto alizaliwa kaburini, na mzimu wa mama ndio uliokuwa ukimlea kwa peremende. Leo waongoza watalii huwasimamisha wageni mbele ya duka, huwasimulia kisa hicho, kisha huwaacha waingie wanunue peremende zilezile.

Tatizo la ziara hizi linaanzia hapohapo mlangoni, kwa sababu hadithi hiyohiyo ina anwani nyingine. Katika mji wa Matsue, karibu na pwani ya Bahari ya Japani, mama huyo hununua sharubati nzito ya nafaka iitwayo mizuame, na kaburi lake husemwa kuwa katika hekalu la Daioji. Ndivyo alivyoiandika mwandishi Lafcadio Hearn katika kitabu chake cha mwaka 1894. Na huko China, karne nyingi kabla ya 1599, wakati wa enzi ya Song, kilikwisha kuandikwa kisa cha mama mfu anayetoka kumnunulia mwanawe chakula. Mgeni aliyelipia ziara Kyoto huoneshwa duka, na aliyelipia Matsue huoneshwa kaburi. Je, mmojawao ametapeliwa, au wote wawili?

Wanaojibu kwamba wametapeliwa wana hoja nzito kuliko inavyodhaniwa. Katika fasihi simulizi tunatenganisha ngano na visakale, na wataalamu wa Japani, wakimfuata Yanagita Kunio aliyechapisha masimulizi ya wilaya ya Tono mwaka 1910, hutenganisha vivyo hivyo. Ngano haina mahali wala tarehe, na fanani wake hujitangaza mapema. Kwetu tunaitikia “hadithi njoo, uongo njoo, utamu kolea”, yaani hadhira imekubali uongo kabla ya neno la kwanza. Wazee wa Tono nao hufungua kwa maneno yenye maana ya “hapo kale palikuwa, ndivyo wasemavyo”, wakafunga kwa neno “dondohare”, na baada ya hapo hakuna anayeuliza kaburi liko wapi. Kisakale, kinyume chake, hudai mahali: kisima hiki, daraja hili, mlango huu. Ziara ya matembezi haiwezi kusimama bila mahali pa kusimama, kwa hiyo kila inachokigusa hukigeuza kisakale, hata kile ambacho wenyeji walikisimulia kama ngano ya kulazia watoto.

Lakini hoja hiyo ikifikishwa mwisho itamfuta hata Hearn mwenyewe, na hapo mimi nasita. Mtu huyo alizaliwa Ugiriki mwaka 1850, baba yake Mwairishi na mama yake Mgiriki, akafika Matsue mwaka 1890 kufundisha Kiingereza, akaoa, na mwaka 1896 akawa raia wa Japani kwa jina la Koizumi Yakumo. Hekaya nyingi alizochapisha mwaka 1904, muda mfupi kabla ya kufa, alisimuliwa na mkewe Setsu, ambaye alikumbuka baadaye kwamba mumewe hakutaka asomewe kitabuni. Alitaka maneno ya mkewe mwenyewe, usiku, taa ikiwa imefifizwa. Hadithi ambazo Wajapani leo huziita urithi wao, basi, zilipita kwenye sikio la mgeni na kalamu ya Kiingereza kabla ya kurudi nyumbani zikiwa zimetafsiriwa. Anayesema kwamba masikio ya wageni huharibu hekaya anapaswa kwanza kueleza jambo hilo.

Matsue ndiyo hoja bora ya wanaozitetea ziara. Tangu mwaka 2008 kuna ziara ya usiku ya mizimu ambayo chimbuko lake ni kazi ya Bon Koizumi, kitukuu cha Hearn na mtafiti wa mila za jadi. Watu hutembea jioni kutoka eneo la ngome, ambayo ilikamilika mwaka 1611 na ambayo hekaya inasema ilijengwa juu ya msichana aliyefukiwa hai ili kuta zisibomoke. Kwa kuwa alipenda mno kucheza ngoma, ngome ilitikisika kila ngoma ilipochezwa mjini. Katika hekalu la Gessho-ji, penye makaburi ya watawala wa ukoo wa Matsudaira, kuna kobe mkubwa wa jiwe aliyebeba bamba la maandishi mgongoni. Mchana watu humpapasa kichwa wakiomba maisha marefu. Usiku mwongozaji huwaambia kwamba kobe huyu alikuwa akishuka na kuzurura mjini hadi alipotwishwa jiwe hilo, na ghafla bamba lile, ambalo mchana lilikuwa kumbukumbu tu ya mtawala, linaonekana kama mzigo wa kumzuia mnyama. Kitabu hakiwezi kufanya hivyo. Zaidi ya hayo kuna hesabu ya fedha isiyohitaji ufafanuzi mrefu: mgeni anayesikiliza hadithi saa mbili usiku atakula na kulala mjini.

Mfano mwingine wa upande huohuo, ingawa ni wa kuchekesha kidogo, uko Kyoto kaskazini-magharibi, katika mtaa wa maduka wa Taishogun kwenye barabara ya Ichijo. Hekaya za kale husema vyombo vya nyumbani vilivyotupwa baada ya kutumika miaka mingi hupata roho, vikageuka vibwengo viitwavyo tsukumogami na kuandamana usiku, na barabara hiyo ndiyo inayotajwa kuwa njia yao. Wenye maduka, mtaa ulipokuwa ukipoteza wateja, walianza kutengeneza vibwengo kwa vitu vya kawaida wakavisimamisha milangoni, kisha wakaanzisha maandamano ya watu waliovaa kama vibwengo. Ni ubunifu wa juzi, na hakuna anayeficha kwamba ni wa juzi. Mwenye duka anayeweka zimwi lililotengenezwa kwa ndoo mbele ya duka lake mwenyewe hamdanganyi mtu, tena anaweza kuliondoa kesho akichoka nalo.

Uwezo huo wa kuliondoa ndio unaokosekana kwingineko. Japani ilipokea wageni wapatao milioni 36.9 mwaka 2024, na Kyoto ni miongoni mwa miji inayobeba mzigo huo kwa uzito zaidi. Katika mtaa wa Gion, ambako geiko, yaani wanawake wasanii wa muziki na ngoma za jadi, na wanafunzi wao maiko huishi na kufanya kazi, wakazi waliweka mabango mwaka 2019 ya kukataza picha katika vichochoro vya watu binafsi na kutaja faini ya yeni 10,000. Mwaka 2024 wakaamua kuwafungia watalii baadhi ya vichochoro hivyo kabisa. Kutoka Gion hadi Rokuhara, kitongoji cha lile duka la peremende, ni mwendo mfupi wa miguu. Nyumba za mbao za mitaa hiyo zinapakana na njia, dirisha la chumba cha kulala likiwa hatua mbili kutoka mahali anaposimama mwongozaji, na hadithi ya kutisha inayosimuliwa kwa kunong’ona mbele ya watu ishirini huisha kwa mayowe. Mwongozaji mwenyewe huenda hatoki mtaani hapo. Zamani sheria ya mwaka 1949 ilimtaka anayelipwa kuwaongoza wageni kwa lugha ya kigeni awe amefaulu mtihani wa taifa, lakini tangu Januari 2018 sharti hilo limeondolewa. Silililii sana, maana cheti hakimfundishi mtu kupunguza sauti. Ila wingi wa waongozaji umeongezeka bila mkazi yeyote kuulizwa.

Kuna jambo zito zaidi, ambalo watetezi wa ziara hulipita haraka. Rokuhara ilikuwa ukingoni mwa Toribeno, mahali palipopelekwa wafu wa Kyoto kwa karne nyingi. Kitongoji kidogo chenye duka la Minatoya huitwa Rokuro-cho, na husemwa kwamba kabla ya karne ya 17 kiliitwa Dokuro-cho, yaani mtaa wa mafuvu, kisha jina likabadilishwa kwa kuwa lilileta nuksi. Waliokaa hapo walitaka kulisahau. Sasa mwongozaji hulifukua kila jioni kwa sababu linasisimua. Na jina ni dogo. Nchini Japani watu waliohusishwa na kazi za mauti, ngozi na uchinjaji walitengwa, na vizazi vyao bado hubaguliwa katika ndoa na ajira kwa kigezo cha mahali familia ilikotoka, kiasi kwamba mwaka 2016 ilitungwa sheria maalumu ya kuondoa ubaguzi huo. Katika nchi ya namna hiyo, kunyoosha kidole na kusema “hapa waliishi wazika maiti” kunaweza kumdhuru mtu aliye hai, hata kama ni kweli tupu. Hapo nadhani waandaaji hawana haki ya kujitetea kwa historia.

Kwa hiyo mizani yangu haipimi ukweli wa mzimu. Mama wa peremende anaweza kuwa na makaburi mawili na asili ya China, na hilo, likisemwa waziwazi mbele ya duka, halinisumbui. Sioni kwamba mgeni atanunua peremende chache kwa kuambiwa kwamba Matsue nao wanamdai. Ninachopima ni kama fanani huyu wa kulipwa ana jirani anayeweza kumkatiza na kumwambia kwamba sivyo, au kwamba basi kwa leo. Matsue anaye, kwa kuwa ziara ilikulia mikononi mwa watu wa mji. Taishogun wenyewe ndio wasimulizi. Rokuhara naona bado ana nusu tu: mwenye duka hupata wateja, lakini aliyelala jirani yake hapati kitu ila mayowe.

Palepale Rokuhara liko hekalu la Rokudo Chinno-ji, lenye kisima ambacho mshairi na mtumishi wa serikali Ono no Takamura, aliyeishi karne ya 9, husemwa alikuwa akiteremkia kila usiku kwenda kuzimu kumsaidia kazi Enma, hakimu wa wafu, na asubuhi akarudi kazini kwake duniani. Ni kisa kitamu, na waongozaji hawakiachi. Lakini kuanzia Agosti 7 hadi 10 wenyeji wa Kyoto hupanga foleni hapo kuita roho za jamaa zao waliokufa zirudi nyumbani. Kengele imefichwa ndani ya kibanda, haionekani, na haipigwi kwa kusukuma gogo kama kengele nyingine. Mtu hushika kamba inayotokeza ukutani na kuivuta kuelekea kwake, kana kwamba anamvuta anayemwita. Kwa siku hizo nne ziara za jioni zingepita mtaa mwingine.