Wazee Waliobaki Makete Hawajapumzika

Sisi tunaoishi mijini tumezoea kusema kwamba wazazi wetu "wamepumzika kijijini". Anayeamini hivyo aende Makete, mkoani Njombe, mwezi wa Julai baridi inapouma, aitazame siku ya mzee na mkewe waliobaki peke yao baada ya watoto kwenda kufanya biashara Makambako, Mbeya na Kariakoo.

Mke ndiye huamka kwanza kuwasha moto, kwa kuwa jikoni ndiko kwenye joto, na humo humo hufugwa simbilisi, wanyama wadogo mfano wa sungura wenye masikio mafupi, ambao hulia wakimzunguka miguuni mpaka watupiwe majani. Mume, ambaye magoti yameshamgomea, huketi kando ya mafiga akimenya viazi, kazi ambayo ujanani asingeigusa mbele ya watu. Uzee umewagawia majukumu upya: mwenye miguu huchota maji na kuokota kuni chini ya misindano, mwenye macho huchambua maharage na kusoma ujumbe wa simu. Mmoja akiugua, kazi ya wote wawili husimama, jambo ambalo watoto hulisahau wanapodhani kuwa wakishatuma pesa wamemaliza. Hata hiyo pesa sharti ifuatwe kwa wakala ng'ambo ya mlima, na nauli ya bodaboda huimega kabla haijanunua chumvi.

Siwalaumu sana watoto, maana nao wanadaiwa kodi ya fremu na ada za shule. Lawama yangu iko serikalini. Sera ya Taifa ya Wazee ipo tangu mwaka 2003, lakini mkulima wa Tanzania Bara aliyelima pareto maisha yake yote hana pensheni ya uzeeni, kana kwamba kulima hakukuwa kazi. Zanzibar ilianza Pensheni Jamii mwaka 2016, kwa shilingi 20,000 kwa mwezi, ikimlipa mkazi aliyefikisha miaka 70 bila kumuuliza kama aliwahi kuajiriwa. Kiasi hicho cha kuanzia kilikuwa kidogo, nakubali, ila hata hicho kingetosha kumlipa kijana wa jirani apasue kuni na kuchota maji wiki ambayo bibi hawezi kuinuka. Bara nayo ianze, na malipo yafanyike kijijini, mume apewe ya kwake na mke ya kwake.