Pampu Haijui Zamu

Kwetu bondeni, kando ya Ruaha Mdogo mkoani Iringa, mwezi wa Agosti ndio unaoonyesha nani bado analima kinyungu, yaani bustani ya bondeni ya wakati wa kiangazi, na nani amekiachia magugu. Mashamba ya mlimani yakiwa yamebaki mabua matupu, huku chini utakuta matuta yaliyoinuliwa kwa jembe, vijifereji vimepita katikati yake kutunza unyevu, na juu yake maharage, viazi na mahindi yatakayochomwa mabichi siku ambazo ghala limekaribia kwisha. Mama alikuwa akizamisha kidole kwenye tuta kabla ya kufungulia maji. Kikitoka na tope, alijirudia nyumbani na zamu ikaenda kwa jirani.

Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inazuia shughuli za kudumu, au zinazoweza kuharibu kingo, ndani ya mita 60 kutoka mtoni. Siipingi. Mwaka 1993 Ruaha Mkuu ulikauka ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha wakati wa kiangazi, na ingawa maji yaliyokosekana yalikuwa ya bonde la Usangu, ambako mengi huchepushwa kwenda kwenye mpunga, sisi tulio kwenye kijito kinachoingia Ruaha Mkuu hatuna kinga yoyote. Ninachokilalamikia ni kwamba kinyungu huonekana na kila apitaye, kwa hiyo ndicho kinachokemewa kwanza, ilhali pampu huweza kukaa ng'ambo ya mita hizo, ikashusha mpira wake majanini na kunyonya usiku kucha.

Mfereji ulikuwa na siku ya kila nyumba, na mwizi wa maji alijulikana asubuhi kwa kuwa tuta la mwenzake lilikuwa kavu. Pampu inamjua mwenye petroli tu. Nasema haya nikijua kwamba mpwa wangu amejenga nyumba ya tofali za kuchoma kwa fedha ya nyanya alizomwagilia kwa pampu, na singependa arudi kwenye ndoo (wanaousifia ukale kwa kawaida hawajawahi kupandisha ndoo ule mlima).

Sheria ya rasilimali za maji ya mwaka 2009 inazitambua jumuiya za watumia maji. Basi jumuiya ziandike pampu kwenye orodha ileile ya mifereji, kila nyumba inyonye siku yake na izime siku ya mwenzake, na kwa upande wangu waanze na nyumba yetu, yenye pampu mbili.