Bosi Asipoalikwa Harusini

Kwenye vikao vya harusi hapa Dar es Salaam, orodha ya waalikwa ikifika kwa watu wa ofisini, lazima atokee mjumbe wa kuuliza: "Na bosi wake je?" Mara nyingi jibu limeshaandaliwa. Bosi anaandikwa juu kabisa, anapangiwa kiwango cha mchango ambacho mwenyewe hajakisikia, na mwenye harusi anakabidhiwa kadi ampelekee. Akisema anaona heri bosi asihusishwe, ataulizwa kama wamegombana. Wazee watasema anaringa, na wenzake kazini watahisi kuna jambo anaficha. Nadhani mtu huyu anaonewa, na sababu zake zinastahili kusikilizwa vizuri zaidi ya hapo.

Wanaotaka bosi aalikwe wana hoja nzito, hilo sikatai. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 haina likizo ya harusi. Kuna siku za uzazi, kuna siku za msiba na za kuuguliwa na mtoto, lakini anayeoa au kuolewa anachota kwenye siku zake 28 za likizo ya mwaka, na maombi hayo yanapita mezani kwa bosi. Kwa hiyo atajua tu. Ameidhinisha likizo, amegawa kazi zako kwa wengine, kisha Jumapili anakuta picha za harusi kwenye stetasi za idara nzima. Inauma, na kuumia si udogo wa moyo. Halafu wapo mabosi ambao ni walezi kwelikweli. Mji huu umejaa vijana waliotoka Kigoma, Mbeya au Bukoba wakaanza kazi bila ndugu wa karibu, na aliyewakopesha kodi ya chumba cha kwanza alikuwa msimamizi wao wa kazi. Mtu wa namna hiyo akikaa na wazazi siku ya harusi, amekaa mahali pake.

Inategemea pia harusi yenyewe. Ndoa ikifungwa msikitini Ilala au nyumbani Temeke baada ya swala ya alasiri, bosi akaja, akakaa mkekani na wenzake, akala pilau na kuondoka, hakuna kilichoharibika. Ugumu unaanzia kwenye harusi ya ukumbini, ambako chakula kinalipiwa kwa kichwa, mlangoni wanakagua kama kadi ni ya mtu mmoja au wawili, na kadi ya mwaliko inatanguliwa na kadi ya mchango. Kwa harusi hiyo, kumwalika bosi maana yake ni kumwomba hela. Kamati haisemi hivyo, lakini ndicho inachokifanya.

Chukua kundi la WhatsApp la kamati. Mweka hazina anatuma orodha upya kila malipo yanapoingia: jina, ahadi, alicholipa, baki. Niliwahi kuwa katibu wa kamati ambayo bosi wa bwana harusi aliahidi 500,000, akalipa 200,000, akanyamaza. Vijana wake kadhaa wa ofisini walikuwa humo kundini. Kila jioni jina lake lilikuwa pale juu, baki 300,000, na mwenyekiti anaandika "tunawakumbusha wapendwa wetu" huku kila mtu anajua anayekumbushwa ni nani. Asubuhi bwana harusi anapishana naye kwenye ngazi. Pengine bosi aliuguliwa, pengine alikuwa na ada za watoto, hatukujua na haikutuhusu. Lakini tayari vijana wake walishaujua mfuko wake, na yeye alijua kwamba wanaujua.

Hata hivyo, bosi asiyemaliza ahadi ananitia wasiwasi kidogo kuliko bosi anayetoa vizuri. Mchango kwetu ni deni la heshima: leo umenishika mkono, kesho zamu yangu. Kati ya ndugu na majirani mfumo huu umefanya makubwa, na harusi nyingi zisingefika ukumbini bila huo. Unaendeka kwa sababu jirani anaweza kumwambia jirani, "Mwezi huu nimebanwa," na maisha yakaendelea. Sasa bosi kakuchangia, mwakani binti yake ana sendofu. Kadi zinaingia ofisini ndani ya bahasha, moja kwa kila meza. Kadi ya 100,000 kwa mtu mmoja si ya kushangaza Dar es Salaam. Kima cha chini cha mshahara wa watumishi wa umma kilipandishwa kutoka 370,000 hadi 500,000 kuanzia Julai 2025, na ilikuwa nyongeza ya kushukuru. Mtumishi wa kiwango hicho akilipa kadi moja ya 100,000 ametoa moja ya tano ya mshahara wa mwezi, tena kabla ya makato. Ile nyongeza ya 130,000 imebaki 30,000. Hapo hajagusa kicheni pati, hajashona sare, hajapanda bajaji ya kumrudisha Mbagala saa saba usiku. Jirani angemwambia amebanwa. Bosi anayejaza fomu yake ya tathmini ya kazi, anamwambiaje?

Watu husema mchango ni hiari, asiye nacho asitoe. Sawa, kwa maneno. Ila mkuu wa kazi akishapita meza kwa meza na bahasha, hiari hiyo inabaki kwa wenye mishahara mikubwa. Na aliyeanza kumpelekea bosi kadi hakubaki na deni peke yake. Amefungua mlango kwa idara nzima, wakiwemo dereva na mama wa usafi ambao hawakuwahi kumwomba bosi chochote. Hili ndilo wanalolihofia wengi wanaokataa kumwalika, hata kama hawalitamki kikaoni. Mtu anaona ndugu zake wakimwita mwenye kiburi, kumbe anawafikiria wenzake wa kipato cha chini.

Na ukumbini kwenyewe hakuna utulivu. MC akishajua bosi yupo hamwachi. Atamsimamisha, atamwomba aseme neno, atawaita "wafanyakazi wenzake na bibi harusi" wacheze kuelekea mbele na boksi la zawadi, bosi akiwa ametangulia. Wapo wanaofurahia, wengine unawaona wanatazama saa. Kisha baba mdogo anasogeza kiti karibu yake, simu mkononi, anaomba namba kwa ajili ya kijana wake aliyemaliza chuo. Bibi harusi yuko mbele anatazama, hawezi kufanya lolote. Miezi inapita, na kila wakikutana msibani au kipaimara anaulizwa: "Yule mkubwa wako alisemaje?"

Kuna njia ya kati, kumpa bosi kadi ya mwaliko bila ya mchango, na naikubali pale ambapo ukaribu ni wa kweli. Ila lazima kiti chake kilipiwe na mwenye harusi mwenyewe, na mweka hazina aambiwe waziwazi asimtafute. Bado wenzako waliochangishwa wanaweza kunung'unika kwamba mwenye mshahara mkubwa kaingia bure, na manung'uniko hayo yana msingi. Sijaona kamati iliyolimaliza hilo vizuri.

Kwa aliyeamua kutomwalika, ninachosisitiza ni taarifa. Bosi aambiwe na mhusika kwa mdomo, kabla hajaipata kwenye fomu ya likizo: "Mkuu, ninafunga ndoa mwezi wa tisa, mambo tumeyaweka kifamilia, nimeona usisikie kwa watu." Ukisema kifamilia, iwe kifamilia kweli. Huwezi kuwaalika watu kumi na wawili wa idara ukamruka mmoja, hapo hata mimi nitakuuliza kama mmegombana. Marafiki wawili watatu wa karibu wapewe kadi zao nje ya ofisi, na hakuna tangazo la michango kwenye kundi la kazi. Bosi akiguswa na kutaka kutoa chochote, atume kwenye simu ya mhusika mwenyewe, na jina lake lisiingizwe kwenye orodha ya mweka hazina.