Wazima, Mizoga, au Wamelala? Sumu Ambayo Bakteria Hujibebea

Mzee mmoja mrina asali kutoka upande wa Sikonge alifika maabara yetu hapa Tabora akiwa amemaliza miezi miwili ya dawa za kifua kikuu. Nilipaka makohozi yake kwenye kioo, nikayakausha, nikayamwagia rangi nyekundu iitwayo fuksini na kupitisha moto chini yake hadi mvuke ulipoanza kupanda. Nikaosha kwa asidi, nikamalizia na rangi ya buluu. Kwenye hadubini, katikati ya uwanja wa buluu, vikaonekana vijiti vyekundu vichache, vyembamba, vimejipinda kidogo kama vipande vya uzi. Nilipomwambia bado wapo, mzee alitulia, kisha akauliza: "Mwanangu, hao uliowaona ni wazima au ni mizoga?"

Kioo hakina jibu la swali hilo. Fuksini hushika nta iliyo kwenye ukuta wa kimelea, na nta hubaki pale kimelea kiwe hai au kimekufa. Ukitaka kujua lazima uoteshe makohozi, na bakteria wa kifua kikuu hukua polepole kiasi kwamba unaweza kungoja hadi wiki nane. Lakini swali la mzee lina jibu la tatu ambalo hakulitaja. Huenda wengine wamelala. Na hapo ndipo wanasayansi wamebishana kwa karibu miaka thelathini: bakteria akibanwa, je, hujiua kwa makusudi, au hujilaza tu akingoja dhiki ipite?

Chanzo cha ubishi ni jozi za jeni zilizomo ndani ya bakteria wengi. Jeni moja hutengeneza sumu, na jirani yake hutengeneza kizuizi cha sumu hiyo hiyo. Sumu hudumu. Kizuizi ni laini, vimeng'enya vya seli hukikatakata mara kwa mara, kwa hiyo lazima kitengenezwe upya bila kukoma. Ni kama mfungwa asiyechoka anayelindwa na askari anayechoka upesi: zamu ikichelewa kubadilishwa, mfungwa yuko nje. Jozi kama hizi zilitambuliwa kwanza kwenye plasmidi, vile vipande vya DNA vya mviringo ambavyo bakteria hupeana. Mwaka 1983 watafiti wa Japani, Ogura na Hiraga, walionyesha jinsi plasmidi inayoitwa F inavyojihakikishia makazi. Seli ikigawanyika na mtoto mmoja akatoka bila plasmidi, anakuwa amerithi sumu iliyokwisha kutengenezwa, ila hana tena kiwanda cha kizuizi. Kizuizi kinaisha, sumu inabaki, mtoto anakufa. Kwa hali hiyo plasmidi humfanya mwenyeji wake aishi nayo kama mraibu na kilevi chake.

Hilo halina mgogoro. Mgogoro ulianza jozi hizo zilipoonekana kwenye kromosomu ya bakteria mwenyewe, mahali ambapo hakuna plasmidi ya kulindwa. Mwaka 1996 Hanna Engelberg-Kulka na wenzake wa Yerusalemu walieleza jozi ya mazEF katika E. koli, bakteria wa kawaida wa utumbo. MazF ni sumu inayokata nakala za RNA ambazo seli hutumia kujenga protini. Inazikata kila inapokuta herufi tatu, ACA. MazE ndiyo kizuizi. Seli ikikosa chakula, au ikipigwa na antibayotiki zinazozuia utengenezaji wa protini, MazE haitengenezwi tena na MazF inaachiwa huru. Wakasema: hiki ni kifo kilichopangwa.

Kifo kilichopangwa si jambo geni kwa viumbe wenye seli nyingi. Kiluwiluwi hupoteza mkia kwa sababu seli za mkia hujimaliza zenyewe. Vidole vya mtoto tumboni huachana kwa sababu seli zilizokuwa katikati yake zinakufa kwa wakati wake. Minyoo midogo C. elegans hutengeneza seli 1,090 za mwili, na kati ya hizo 131 hufa kila mara, zile zile. Kazi iliyofumbua hayo ilipewa Tuzo ya Nobel mwaka 2002. Lakini seli ya mkia wa kiluwiluwi haina ukoo wake peke yake, inafia mwili. Bakteria ndiye mwili mzima. Akifa, nani anafaidika?

Jibu la kundi la Yerusalemu lilikuja kwa nguvu mwaka 2007. Walitangaza kwamba E. koli hutoa nje peptidi, yaani kipande kifupi cha protini, ndogo sana, asidi amino tano tu: asparajini mbili, triptofani moja katikati, asparajini mbili tena. Wakaiita kiashiria cha kifo cha nje ya seli. Bakteria wakiwa wamesongamana, peptidi hujaa na kifo cha mazEF hutokea. Ukiwazimua katika maji mengi, hawafi. Ukichukua majimaji waliyokaa wale waliosongamana ukawamiminia hawa waliozimuliwa, kifo kinarudi. Baadaye, mwaka 2011, wakaonyesha kwamba peptidi hiyo hujishika kwenye MazF yenyewe na kuisaidia kuponyoka mikononi mwa MazE. Kwa maelezo yao, wengi hufa ili wachache wabaki, na chakula cha waliokufa kiwafae walio hai.

Mtu aliyekulia Unyamwezi hana shida ya kuelewa wazo hili, kwa sababu ameliona kwenye ngozi yake. Baba yangu alitundika mizinga ya magome kwenye miyombo, na somo la kwanza alilonipa lilikuwa kutazama mwiba wa nyuki baada ya kuchomwa. Nyuki kibarua akikuchoma, mwiba wenye meno hunasa kwenye ngozi, naye akijivuta tumbo lake linachanika. Anaanguka. Mwiba unabaki na kifuko chake, na ukiinamia karibu utaona kifuko kikipigapiga, kikiendelea kusukuma sumu bila mwenyewe. Unatoa pia harufu kama ya ndizi mbivu, na harufu hiyo ndiyo inayowaita wenzake. Kwa hiyo nyuki anayejitoa mhanga yupo kweli, na anatoa taarifa ya kikemikali pia.

Lakini nyuki yule ndiye anayenifanya nisite. Kibarua kwa kawaida hazai. Ukoo wake hupita kwa mama yake, malkia, kwa hiyo akifia mzinga hapotezi watoto ambao angewapata. Mwanabiolojia W. D. Hamilton aliweka hesabu hiyo wazi mwaka 1964: kujitoa kwa ndugu hulipa pale ndugu wanaookolewa wanapobeba jeni zako kwa wingi kuliko gharama unayolipa. Bakteria anazaa kila anapogawanyika. Ni kweli majirani zake mara nyingi ni nakala zake, na hapo hesabu ya Hamilton inaweza kumkubali. Tatizo ni msaliti. Katika mamilioni ya seli, haikosi moja ambayo jeni yake ya sumu imeharibika kwa bahati. Wenzake wakifa kwa ajili ya kundi, yeye anabaki, anakula mizoga yao, anazaa. Vizazi vichache tu, kundi zima ni uzao wa msaliti. Yeyote anayetetea kujiua kwa bakteria lazima aeleze ni nini kinachomzuia huyo, na maelezo niliyoyasoma hayajaniridhisha.

Upande wa pili haukuishia kwenye hoja, ulileta majaribio. Kenn Gerdes na wenzake huko Denmark walionyesha mwaka 2002 kwamba seli zilizolemazwa na MazF zinaweza kuamshwa: ukiwasha MazE baadaye, zinaanza kukua tena. Maiti haiamki, wakasema. Hiyo ni seli iliyosimama. Yerusalemu wakajibu mwaka 2004 kwamba kuna mahali pa kutorudi, ukichelewa saa kadhaa haziamki tena. Naona majibu yote mawili yanaweza kuwa kweli kwa pamoja, maana usingizi mrefu bila chakula huishia kaburini bila mtu yeyote kuupanga. Pigo lililo zito zaidi kwangu ni la mwaka 2007, kundi la Ubelgiji lilipofuta jozi tano kutoka kwa E. koli, mazEF ikiwemo, kisha wakawatesa bakteria hao kwa njaa na antibayotiki. Hawakutofautiana na wale wenye jozi zote. Kama kifo cha kundi kilikuwa na faida kubwa, ilipaswa kuonekana hapo.

Ila upande wa usingizi nao una jeraha, na ni haki kulionyesha. Mwaka 1944 Joseph Bigger aliona kwamba penisilini huua karibu bakteria wote wa jamii ya stafilokoki, ila wachache hubaki. Na watoto wa waliobaki, ukiwapa penisilini upya, wanakufa kama kawaida. Hawakuwa sugu. Walikuwa wametulia tu. Mwaka 2011 kundi la Gerdes lilichapisha kwamba siri ya hao watulivu ni jozi za sumu: walifuta kumi kwa mpigo, na watulivu wakapungua sana. Vitabu na mihadhara ikalibeba jambo hilo duniani kote. Baadaye ikagundulika kuwa aina za bakteria walizotumia zilikuwa zimeambukizwa faji, virusi vya bakteria, bila wao kujua, na faji huyo ndiye aliyekuwa akiwaua. Kundi hilo hilo lilitangaza kosa lake mwaka 2017, na mwaka uliofuata makala ikaondolewa. Nawaheshimu kwa hilo. Mimi ninayesoma vioo najua uzito wa kumwita mgonjwa arudi umwambie jibu la jana halikuwa sahihi.

Ajabu ni kwamba faji aliyewaharibia jaribio ndiye anayeelekeza kwenye jibu ninaloliona bora. Tangu mwaka 2004 ilikuwa imeonyeshwa kwamba mazEF huzuia faji P1 asienee, na jozi nyingine iitwayo ToxIN, iliyoelezwa mwaka 2009, hufanya kazi hiyo hiyo dhidi ya faji. Faji akiingia kwenye seli huzima mitambo ya mwenyeji ili atengeneze wanawe. Kizuizi hakitengenezwi tena, sumu inafunguka, seli inasimama au inakufa kabla faji hajakomaa. Majirani wanapona. Hapa hesabu inabadilika kabisa, kwa sababu seli iliyoingiwa na faji ilikuwa inakufa hata hivyo. Haipotezi watoto, maana hakuna watoto wa kupotezwa. Msaliti asiye na sumu hapati kitu cha kula. Anapasuka na kumwaga faji juu ya ndugu zake. Seli hiyo ndiyo inayofanana na nyuki kibarua. Bakteria mwenye njaa hafanani naye, kwa sababu kesho mvua inaweza kunyesha naye akazaa.

Kwa hiyo nikiulizwa, nasema: kufa kwa ajili ya wenzake kupo kwa bakteria, pale tu ambapo anayekufa hana cha kupoteza. Kwa njaa na kwa dawa, naamini zaidi usingizi, na hata huo sisemi kila mara unaletwa na jozi hizi.

Hili lingekuwa la maabara za mbali kama lisingegusa dawa. Wapo wanaosema peptidi ya kifo itumike kama antibayotiki mpya: inashika mahali ambapo dawa tulizo nazo hazishiki, ni fupi, na kutengeneza kipande cha asidi amino tano si kazi ngumu. Mwaka 2018 maabara ya Yerusalemu ilionyesha kwamba peptidi za aina hiyo huongeza makali ya sumu za MazF za bakteria wa kifua kikuu, japo nje ya seli. Nalielewa tumaini hilo; usugu wa vimelea dhidi ya dawa ni jambo ninaloliona kazini. Lakini nina hofu mbili. Ya kwanza ni ile ya msaliti. Dawa nzuri hulenga kitu ambacho bakteria hawezi kukiacha. Sumu hii anaweza kuipoteza na kuendelea na maisha, kama Wabelgiji walivyoonyesha, kwa hiyo njia ya usugu iko wazi siku ya kwanza. Ya pili inanitisha zaidi. Bakteria wa kifua kikuu ana jozi za aina hii zaidi ya themanini, wakati ndugu yake asiye na madhara, M. smegmatis, ana chache za kuhesabu vidoleni, na wengi wanashuku kuwa wingi huo unamsaidia kukaa kimya pafuni kwa miaka. Kuamsha sumu nusunusu ndani ya kiumbe kama huyo kunaweza kumlaza badala ya kumuua, na aliyelala ndiye anayezishinda dawa zetu.

Dozi inachukua miezi sita kwa sababu ya hao waliolala. Miezi miwili ya mwanzo mgonjwa humeza dawa nne. Mojawapo, pirazinamidi, ndiyo iliyowezesha dozi kushuka kutoka miezi tisa, kwa kuwa inawafikia wale ambao karibu wamesimama. Kisha miezi minne ya rifampisini na isoniazidi. Pesa ya utafiti ingekuwa mkononi mwangu, ningeitoa kwa anayetafuta namna ya kuwaamsha waliolala ili rifampisini iwakute macho, kabla ya anayetafuta namna ya kuwashawishi wajiue.

Mzee nilimweleza kwa lugha ya mizinga. Nikamwambia, baba, ukifukiza moshi nyuki wanatulia, hawafi, na anayedhani wamekufa akaingiza mkono hovyo atajuta. Akacheka, akasema hiyo anaijua. Alirudi mwezi wa tano wa dawa. Nilipitia kioo chake mstari kwa mstari, nikakuta buluu tupu. Hadubini hii inahitaji bakteria kama elfu tano au zaidi kwa kila mililita ya makohozi ndipo imwone hata mmoja, kwa hiyo nilimwonyesha pakiti ya mwezi uliobaki, naye akaitia kwenye mfuko wa shati.