Kompyuta ya steshenari si ya mwenye duka peke yake

Pita steshenari za Soweto, Mwanjelwa au Uyole hapa Mbeya, uliza kama Office wanayotumia imelipiwa. Utachekwa. Fundi kaja na flashi, kapiga Windows, kaweka kraki (kiprogramu cha kuikwepa leseni), kachukua chake, kaondoka. Sitaki kujifanya mlokole: kwa mtu anayeishi kwa kuprinti na kutoa kopi, bei ya leseni inauma.

Ila ile hoja ya "kompyuta ni yangu, nitajua mwenyewe" siikubali. Humo vinapita vyeti vya watu, namba za NIDA, tasnifu za wanafunzi wa chuo cha MUST, nywila za maombi ya ajira na mikopo. Likitokea la kutokea, anayelia ni mteja ambaye hakupakua chochote.

Mara nyingi kraki huja ndani ya faili ya zipu yenye nywila, kitu kama 1234, na nywila hiyo huizuia antivairasi kuona kilichomo. Kisha unaambiwa uizime kabisa antivairasi. Mgeni wa usiku akikuomba ufunge mbwa kabla hajaingia, utamfungulia? Ni kweli antivairasi hupiga kelele hata kwa kraki isiyo na kirusi. Ndiyo maana watu wamezoea kuipuuza, na wahalifu wanalitegemea zoea hilo.

Kirusi kiitwacho STOP, au Djvu, kilisambaa sana kwa njia hii kuanzia 2018. Hufunga nyaraka na picha zote, kisha huacha ujumbe wa kudai dola 980, au 490 ukiwahi ndani ya saa 72. Hebu fikiria hilo wiki ya kukusanya tasnifu. Vingine, kama RedLine, havipigi kelele: huchota nywila zilizohifadhiwa kwenye kivinjari na kuzipeleka kwa wahalifu.

LibreOffice ni ya bure na inafungua faili za Word, ingawa mpangilio huvurugika mara mojamoja. Windows isiyo na leseni nayo huendelea kufanya kazi, na maandishi yake ya kero pembeni ya skrini. Bora hayo.

Wewe mteja, kazi yako usiiache kwenye flashi moja. Ukiingia kwenye akaunti yako pale dukani, kataa kuhifadhi nywila, na ukitoka ibadilishe kwa simu yako. Mwenye duka akinuna, mwache anune.