Askofu Holly: Uaskofu Ulimkuta Haiti

Akitajwa James Theodore Holly, watu hukimbilia jambo moja: mtu mweusi wa kwanza kuwekwa wakfu kuwa askofu katika Kanisa la Episkopali, yaani Waanglikana wa Marekani. Ni kweli. Ibada ilifanyika 8 Novemba 1874, katika kanisa la Grace, New York. Lakini mimi naona sifa hiyo inamfunika mtu mwenyewe. Uaskofu ulimkuta ameshaishi Haiti miaka kumi na mitatu, ameshachukua uraia wa huko, na ameshazika huko zaidi ya nusu ya watu wa nyumba yake. Tena Kanisa lililomweka wakfu halikumkabidhi waumini hata wa mtaa mmoja wa Marekani. Lilimpa Haiti.

Alizaliwa Washington mwaka 1829, mtoto wa watu weusi waliokuwa huru, akabatizwa Mkatoliki. Kazi yake ya kwanza ilikuwa ufundi viatu, na yeye na kaka yake waliwahi kufungua duka la viatu huko Vermont. Sheria ya 1850 ya kuwakamata watumwa watoro ilipopita, mtu mweusi hata aliye huru hakuwa na usalama tena. Holly akavuka kwenda Kanada, akafanya kazi katika gazeti la Henry Bibb, aliyekuwa mtumwa akatoroka. Ni katika miaka hiyo alipouacha Ukatoliki na kuingia Uanglikana. Mwaka 1855 akawa shemasi, mwaka uliofuata kasisi, na akapewa parokia ya Mtakatifu Luka huko New Haven, Marekani.

Angeweza kutulia hapo. Hakutulia, na sababu naielewa kabisa. Mwaka 1857 Mahakama Kuu ya Marekani, katika kesi ya Dred Scott, ilitamka kwamba mtu mweusi hawezi kuwa raia wa nchi ile. Mwaka huohuo Holly alichapisha hoja yake kwamba Haiti, iliyowashinda Wafaransa na kujitangazia uhuru mwaka 1804, ni ushahidi tosha kwamba watu weusi wanaweza kujitawala. Kwake Haiti haikuwa kimbilio tu. Aliamini kwamba taifa la weusi likisimama imara, kila mtu mweusi duniani atainua kichwa.

Mwaka 1861 akaondoka New Haven na watu wapatao 110. Rais Fabre Geffrard aliwapokea na kuwapa ardhi karibu na Port-au-Prince. Kisha homa zikaanza. Kabla mwaka haujaisha watu 43 walikuwa wamekufa, miongoni mwao mama yake Holly, mkewe Charlotte na watoto wao wawili. Wengi wa waliopona walifungasha wakarudi Marekani. Yeye alibaki na watoto wawili wadogo wa kiume, mjane, mgeni, katika nchi isiyosema Kiingereza.

Hapa lazima niseme jambo ambalo wasifu wake mwingi hulipita haraka. Watu wale walimfuata kwa sababu walimwamini, na safari ile haikuwa na maandalizi ya kutosha ya afya wala makazi. Kumheshimu Holly hakutulazimishi kuyaruka makaburi yale, na naamini yeye mwenyewe hakuyasahau. Baadaye alihimiza sana huduma za tiba, na wawili kati ya wanawe, Alonzo na Arthur, wakawa madaktari.

Jambo alilolipigania kuliko yote ni Kanisa lenye makasisi wazalendo. Mwaka 1860 Haiti ilikuwa imetia saini mkataba na Vatikani, na mapadre wa Kifaransa wakaanza kumiminika. Holly aliona hatari: taifa lililomfukuza Mfaransa kwa bunduki linamrudisha madhabahuni. Akaanzisha parokia ya Utatu Mtakatifu mwaka 1863, akasomesha vijana wa Haiti, akawapeleka kwenye upadrisho. Misaada kutoka Marekani ilikuja kwa kusuasua, lakini kazi haikusimama.

Mwaka 1878 alihudhuria mkutano wa maaskofu wa Anglikana wa Lambeth, akahubiri Westminster Abbey. Alimaliza kwa sala ambayo kila Mwanglikana anapaswa kuijua. Wahubiri wengi wa Marekani walikuwa wameitumia laana ya Nuhu kuhalalisha utumwa wa wana wa Hamu, waliodai kuwa ndio watu weusi. Holly alisimama mbele ya Waingereza, akamkumbusha Kristo kwamba siku ya kusulubiwa aliyeubeba msalaba alikuwa Simoni Mkirene, mwana wa Hamu. Akaomba kabila hilo lililodharauliwa likumbukwe siku ya ufalme. Kwa nafsi yake hakuomba kiti cha kuume wala cha kushoto, ila kazi ya bawabu kwenye lango la Yerusalemu mpya, awaone ndugu zake wakiingia. Sisi Kenya maaskofu Waafrika wa kwanza, Festo Olang' na Obadiah Kariuki, tuliwapata mwaka 1955, miaka 77 baada ya sala ile.

Holly alifariki Port-au-Prince Machi 1911. Linaloniuma ni yaliyofuata. Mwaka 1913 Kanisa lake, lililokuwa limejitegemea japo kwa umaskini, likawa jimbo la kimisionari la Wamarekani. Miaka miwili baadaye wanajeshi wa Marekani wakaivamia Haiti, wakakaa hadi 1934. Kiti cha Holly kikakaliwa na maaskofu Wamarekani weupe, mmoja baada ya mwingine, hadi 1971 alipowekwa wakfu Luc Garnier, Mhaiti wa kwanza mzaliwa wa nchi hiyo. Wapo wanaosema hii inathibitisha kwamba Holly aliota ndoto kubwa kuliko uwezo. Nakataa. Makasisi aliowasomesha walikuwepo. Kilichokosekana ni fedha za kuwalipa, na waliokuwa nazo walizitoa kwa sharti la kushika usukani wao wenyewe.