Paris 2003: waliuawa na upweke au na bati?

Tarehe 3 Septemba 2003, Rais Jacques Chirac alisimama kwenye makaburi ya Thiais, nje kidogo ya Paris, wakizikwa watu 57 ambao hakuna ndugu aliyejitokeza kuwachukua. Joto la Agosti lilikuwa limeua karibu watu 15,000 Ufaransa nzima. Kisa hiki kikisimuliwa kwetu huishia pale pale: Wazungu huwatupa wazee wao.

Hoja hiyo ina mashiko. Agosti watoto wa wazee hao huwa likizoni, na fimbo ya mbali haiui nyoka. Jirani wa kugonga mlango na kumpa bibi maji angeokoa roho nyingi. Ndiyo maana baadaye manispaa zilianza kuandikisha wazee ili wajuliwe hali joto likipanda.

Lakini tazama walikofia. Theluthi moja hivi tu walifia majumbani. Wengi wa waliobaki walifia hospitalini au katika nyumba za kutunzia wazee. Hapo wauguzi walikuwepo, wenzao walikuwepo, na bado walikufa. Nyumba hizo nyingi hazikuwa na hata chumba kimoja chenye kiyoyozi. Je, hao nao tuseme walikufa kwa kutupwa?

Na waliofia majumbani? Ghorofa ya juu kabisa ya majengo ya kale ya Paris ina vyumba vilivyojengewa watumishi wa ndani: mita tisa za mraba, kidirisha kimoja kwenye paa, choo cha pamoja koridoni, ngazi za ghorofa sita bila lifti. Juu ya kichwa ni bati la zinki. Aliyewahi kulala nyumba ya bati isiyo na dari hahitaji kuelezwa. Na mchana ulipita nyuzi 35 siku 9 mfululizo, usiku nao ukakataa kupoa.

Kinachoniuma ni kwamba tumewahukumu marehemu hao kwa siku yao ya mwisho. Mtu anaweza kukosa ndugu wa kumzika na bado akawa na muuza mikate anayemjua kwa jina, na meza yake mkahawani. Wapo waliopenda kuishi peke yao, na walikuwa na haki hiyo. Hao hawajiandikishi manispaa, na hakuna wa kuwaandikisha.

Mabati bado yapo. Mwaka 2024 UNESCO iliutambua ufundi wa kuyaezeka kuwa urithi wa utamaduni, na vyumba vya chini yake vinaendelea kupangishwa.